Hiza na Mdundo wa Ukunga

Hiza wa Kwashemshi alijua kupiga ngoma, na hakuna aliyemfikia. Nasema hivyo kwa sababu nilimsikia. Siku hizi kila mwenye redio hujiita mjuzi wa muziki.

Wakati wa Mwingereza, kabla ya vita ya Hitla, alikuja Mazinde Mjerumani aitwaye Kestner. Kwao Berlin alitunga muziki wa sinema za watu wengine mpaka akachoka kutumwa. Akaja kwenye mashamba ya mkonge na mashine za kunasa sauti, atengeneze filamu yake mwenyewe. Hiza akawa mpigaji wake.

Siku Kestner alipofika Kwashemshi kuchagua ngoma, chui aliingia zizini. Hiza akapiga ukunga, mdundo wa kuita watu kwenye hatari. Wanaume wakatupa majembe, wakaja mbio na mikuki. Kestner akasisimka.

"Huo ndio muziki wangu! Kesho tunaunasa."

"Haupigwi bila jambo, bwana."

"Filamu yangu si jambo?"

"Jambo ni chui."

Nyumbani mkewe Mashavu akamcheka. "Mzungu akikufukuza utampigia nani? Mbuzi wangu?"

"Mbuzi wako wana masikio kukushinda."

Kazi aliitaka. Lakini ngoma ikidanganya mara moja, siku ya chui nani atakuja? Basi akatunga mdundo mpya, wenye kishindo kilekile, ila ukianzia mkono mwepesi pale ukunga unapoanzia mkono mzito.

Kestner alisikiliza hadi mwisho. "Hiza, huu si ule."

"Si ule. Huu ni wa filamu. Ule ni wa Kwashemshi."

Kestner hakuwa kiziwi wala mjinga. Akawasha kiko, akawaza. "Rudia," akasema. "Sasa kwa nguvu."

Filamu ilipoletwa Korogwe kwa gari la sinema, Hiza aliipa picha mgongo, akawatazama watu wa kwao. Ngoma ikalia. Mzee Sadala akainua kichwa, akasikiliza, akarudia muwa wake. Hakuna aliyeinuka.

"Mnaona?" Hiza akasema, akakaa vizuri.

Mwaka jana nyumba iliungua Kwashemshi. Mjukuu wa Hiza akapiga ukunga wenyewe, barabara, mkono mzito kwanza. Vijana wakauliza harusi ni ya nani. Tulifika wazee wawili na ndoo moja.