Mama Anagombeza Sukari Nguru

Ipo asubuhi moja naikumbuka mpaka leo, mwanangu, na nakusimulia sasa kwa sababu kesho unaanza kazi hospitalini, pale mahali pa kuwapa watu majibu ya vipimo. Kaa vizuri. Hiyo simu iweke chini kwanza, haitakimbia.

Nilikuwa msichana, karani wa posta hapa Kisumu, kwenye dirisha la telegramu. Nyinyi hamkuzikuta. Mtu alikuja na maneno yake machache, nikayapiga kwa mashine, posta ya upande wa pili wakayapokea na kuyaandika kwenye karatasi, kisha tarishi akampelekea mwenyewe. Nilikuwa na vidole vyepesi, na maringo yangu yangetosha ofisi nzima. Mkubwa wangu alikuwa Bwana Karim, Mhindi aliyezaliwa papa hapa mjini, na Dholuo, Kijaluo chetu, alikiongea kunishinda mimi. Alinitania sana kwa hilo.

Siku hiyo akaingia Mzee Owuor kutoka kijiji cha Luanda Kotieno, vumbi mpaka kwenye nyusi. Mkewe alikuwa na homa kali, pumzi inamkata, na amekataa katakata kupelekwa hospitali mpaka mwanawe wa pekee, Ochieng', aje amchukue mwenyewe. Ochieng' alifanya kazi kwenye kiwanda cha sukari, Muhoroni.

"Huyo mama ni mbishi," mzee akaniambia. "Kijana asipokuja upesi, atanifia kitandani."

Akataka niandike: Mama mgonjwa sana, njoo nyumbani. Nikaandika. Nimeshaweka vidole kwenye mashine, Bwana Karim akanishika mkono.

"Wee Atieno! Unatuma nini hapo?"

"Alichosema mzee," nikamjibu, pua juu. "Neno kwa neno."

"Na Ochieng' akisoma, ataelewa nini?"

Nilijua. Kila mtu alijua. Siku hizo hakuna aliyeandika kifo kwenye telegramu. Tulimwonea mtu huruma, asipigwe na habari hiyo akiwa peke yake ugenini. Kwa hivyo mtu akishafariki, watu wa nyumbani waliandika kwamba ni mgonjwa sana, njoo. Mwenye kupokea hakuuliza swali. Alilia, halafu akaanza kutafuta mbao za jeneza, akazunguka kwa watu wa kwao kuomba mchango, akatafuta gari la kubeba waombolezaji. Siku zinapita, kwani anamkimbilia nani tena? Basi Ochieng' angekuwa anachagua mbao Muhoroni, na mama yake yuko hai anauangalia mlango.

"Basi niandike kwamba yuko hai," nikasema.

"Ndio atalia zaidi! Nani huandikiwa kwamba mama yake yuko hai?"

Bwana Karim akazunguka kaunta, akaketi kwenye benchi karibu na mzee. Foleni ilikuwa ndefu, watu wananung'unika, yeye hana habari nao. Akamuuliza kwa Dholuo, polepole: ulipokuwa unatoka asubuhi, mama alisema nini?

Mzee akafikiri. Akaanza kucheka huku machozi yanamtoka. "Alikuwa anagombeza. Eti uji hauna utamu, na Ochieng' anakaa kwenye sukari na hajamletea sukari nguru tangu Krismasi. Eti asithubutu kuja mikono mitupu."

"Hiyo," Bwana Karim akasema. "Atieno, tuma hiyo."

Nikatuma: Mama anaumwa. Amekataa hospitali mpaka uje. Anagombeza hujaleta sukari nguru tangu Krismasi. Njoo leo.

Mzee alipoondoka, Bwana Karim akaniambia bila kupandisha sauti, na afadhali angenifokea. "Vidole vyako havikosei, nyathina." Aliniita mwanangu, kwa Dholuo. "Lakini kabla ya kutuma, nenda ukae kwanza kwenye kiti cha yule atakayesoma." Uso ulinichoma, nakuambia. Nilikwenda chooni nikalia.

Yaliyobaki alinisimulia Ochieng' mwenyewe, alipopita posta baadaye kushukuru. Tarishi alipofika kiwandani, wenzake walimzunguka, mmoja ameshavua kofia. Ochieng' akakaa chini kabla hata hajafungua. Akafungua, akasoma, akafika penye sukari nguru. Akaruka. "Huyu ni mama!" akapiga kelele. "Huyu ni mama mwenyewe!" Akanunua nguru kando ya barabara, akadandia lori la miwa, na siku ileile akafika nyumbani. Mama akamega nguru kwanza, akaonja, akasema sio mbaya. Ndipo akakubali kubebwa. Daktari aliwaambia kwamba wangekawia kidogo tu, mapafu yangemshinda.

Sasa wewe, mwanangu. Mashine zenu zitakupa namba na picha, na utazisoma bila kukosea, najua, una kichwa chepesi kuliko changu. Lakini daktari ataona lake kwenye ile karatasi, na mama wa mtaa wa Migosi aliyeacha watoto kwa jirani ataona lake, tena ataanza kusoma uso wako kabla hujafungua mdomo. Usimuulize kama ameelewa. Hapa kwetu kila mtu hujibu ndiyo, daktari, halafu akaenda kulia langoni. Muulize hivi: ukifika nyumbani, utawaambia nini? Halafu nyamaza, umsikilize. Kama atakayowaambia sio uliyomwambia, basi hujamaliza kazi, hata foleni ikinung'unika. Na usifiche jambo kwa huruma mpaka mtu ashindwe kulijua. Sisi tulifanya hivyo kwa mapenzi, na ilibaki kidogo tu tumzike mama wa watu akiwa mzima.

Mungu akuongoze mikono na ulimi, wagonjwa wakuombee mema hata wakishasahau jina lako, na watoto wako wakusikilize kama ulivyonisikiliza leo. Nenda ukalale.

Ngoja kidogo. Mimi nimeshazeeka, na siku moja watakupigia simu kwamba Dani, yaani mimi nyanya yako, hajisikii vizuri. Usianze kulia. Waulize kwanza nimemgombeza nani asubuhi hiyo. Wakikutajia mtu, shika gari uje, mwanangu, na usije mikono mitupu.