CD ya Kufukuzia Kunguru

Binamu yangu alitaka kumrahisishia mama yake, yaani shangazi yangu, kazi ya kudarizi kanzu, tena kanzu ya harusi ya binamu mwenyewe. Akaipiga Windows mpya kompyuta ya shangazi. Lo! Mashine ya kudarizi, ambayo ni kuukuu, ikagoma kabisa kusikilizana nayo. Harusi ni Ijumaa, na mchoro wa shingo ya kanzu, aliouchora marehemu mume wa shangazi, baba yake binamu, uko humo humo kwenye kompyuta. Ukipotea huo, ndiyo basi tena.

Nikaitwa Ujiji mbio mbio, utadhani mimi ndiye niliyeharibu. Kwanza nikaunakili mchoro pembeni. Kisha nikawaambia, hapa inatakiwa Windows ile ile ya zamani. Binamu akatoa flash aliyoazima mjini.

"Toa takataka hiyo!" nikamfokea. "Imeshalala na kila kompyuta ya Kigoma, haijui hata virusi vyake imevitoa wapi. Shangazi, CD iliyokuja na kompyuta iko wapi?"

Shangazi akatazama dari. "Si wewe uliyesema CD zimepitwa na wakati? Nilimpa rafiki yangu wa Katonga, anaanika dagaa."

Jamani! Nikapanda bodaboda mpaka Katonga. Nikaikuta inaning'inia kwenye kamba juu ya dagaa, inametameta, kunguru wanaiangalia kwa mbali.

"Shikamoo, mama. Naomba hiyo CD."

"Marahaba. Na kunguru utawafukuza wewe?"

Nikarudi nyumbani kwangu Katubuka, nikamletea CD mbili za video ya harusi yangu. Akazigeuza juani, akaridhika. Mke wangu akiziulizia, nitamjua vizuri.

Niliporudi Ujiji, shangazi akaiosha CD kwa sabuni na kitambaa laini. Namba ya leseni ilikuwa bado imebandikwa ubavuni mwa kompyuta. Nikachomoa waya wa intaneti, maana Windows ya zamani haina kinga, kisha nikaanza. CD ikanguruma, ikasita, ikanguruma. Muda wote huo shangazi ananisema: mara nimekaa vibaya, mara chumba kinanuka dagaa kwa sababu yangu. Nilikasirika kweli, na niliogopa zaidi.

Mwishowe nikaurudisha mchoro, na mashine ya kudarizi ikaitika. Sindano ikaanza kupanda na kushuka shingoni mwa kanzu, na ua la kwanza likatokea. Shangazi aliponyanyua upindo wa khanga nilidhani anafuta jasho.

"Ndivyo alivyokuwa akichora," akasema. "Basi baba yake atamvisha mwenyewe."