Sauti ya Pili

Katika bendi ile waimbaji walikuwa watatu na kipaza sauti kilikuwa kimoja. Baadaye vilinunuliwa vingine, lakini wao walishazoea kubanana, mashavu karibu yaguse, kila mmoja akijua mwenzake amekula nini mchana. Sauti ya kwanza, ile inayobeba wimbo, ilikuwa ya Kengele. Chini kabisa alinguruma Pipa. Katikati yao alikuwa huyu wa tatu, mwenye sauti ya pili, na kiongozi wa bendi, mzee wa gitaa la solo, alimbatiza Gundi siku ya kwanza tu aliyomsikia. "Huyu ndiye atakayewashikilia hawa wawili," alisema. Watu wakacheka, na jina likabaki.

Gundi hakulipenda. Waimbaji wa bendi nyingine wanaitwa Simba na Radi, wewe unaitwa Gundi! Lakini alilivaa kwa miaka kumi na tisa kwa sababu kazi ilikuwa tamu. Ukumbi ukijaa, wale watatu wakifungua midomo kwa pamoja, wacheza dansi walifumba macho, na wengine walisimama katikati ya ukumbi wakasahau miguu yao. Kila mwimbaji aliamini moyoni kwamba yeye ndiye aliyewafanya hivyo. Kengele alikuwa na haki ya kuamini. Pipa hakujali, alikuwa anawaza bia. Aliyeponzwa ni Gundi.

Aliyemponza ni shemeji yake, kaka wa mkewe, fundi wa mafriji mwenye mdomo ulionyooka kuliko kazi yake. "Shemeji, wewe unachunga mbuzi wa wenzako," alimwambia Jumapili moja sebuleni. "Siku ukisimama peke yako, nani atamuulizia Kengele?"

Kilemba cha ukoka kikamkaa sawasawa. Mkewe, aliyekuwa akikunja nguo pale pale, alisema, "Kaka, mwache mume wangu na kazi yake." Sikio la kufa halisikii dawa. Kesho yake Gundi alikwenda mazoezini, kwenye ile stoo nyuma ya ukumbi iliyozibwa madirisha kwa magodoro makuukuu, akaaga.

Kiongozi alikuwa akibadilisha nyuzi za gitaa. Hakuinua kichwa.

"Utaimba nini?"

"Zangu mpya, mzee. Na hizi zetu."

"Hizi zetu utaziimba vipi?"

Gundi alidhani mzee anamnyima nyimbo. Akajibu kwa kiburi kidogo kwamba anazijua zote, neno kwa neno.

"Maneno, ndiyo," mzee alisema, akaendelea na nyuzi zake.

Onyesho lake la kwanza lilikuwa alasiri, kwenye uwanja wa baa, na shemeji, ambaye sasa alijiita meneja, alikodi mpiga kinanda na kubandika picha ya Gundi kwenye kila nguzo ya umeme. Watu walikuja. Gundi akaanza na wimbo uliovuma kuliko zote, ule wa mwanamke aliyerudisha pete. Kinanda kikapiga utangulizi, watu wakashangilia, yeye akafungua mdomo, na iliyotoka ilikuwa sauti ya pili.

Asiyeijua kazi hiyo atasema ni jambo dogo. Sauti ya pili hutembea kando ya wimbo, chini yake kidogo. Ukiisikia pamoja na ya kwanza, unapata utamu usiojua umetoka wapi. Ukiisikia peke yake, unamsikia mtu anayekosea wimbo unaoujua wewe tangu utotoni.

Watu walitazamana. Kisha, kwa wema wao, wakaanza kuimba ili wamsaidie, na bila shaka waliimba ile ya Kengele. Gundi akafurahi! Sikio lake la miaka kumi na tisa lilipata mahali pake, akaikamata ya pili kwa raha zote, akadhani mambo yamenyooka. Waliponyamaza ili wamsikie yeye, akabaki ananing'inia. Mzee mmoja wa meza ya mbele, asiye na ubaya wowote, alimwinamia akasema, "Kaka, siyo hivyo. Inakwenda hivi." Akamwimbia.

Nyumbani alijaribu kujifunza ile ya kwanza. Alijifungia bafuni na redio, mtu mzima na mvi zake, akikariri wimbo wa bendi yake mwenyewe. Mistari miwili ilikubali. Wa tatu sauti iliteremka yenyewe, kama mguu wa mtu anayeamka unavyotafuta kandambili chini ya kitanda. Aliona aibu ambayo hakuweza kumweleza mtu. Angesema nini? Kwamba nyimbo alizoimba nusu ya maisha yake hazijui?

Ndipo akaamua kutunga wake, usiojulikana na mtu, ili asiwepo wa kumsahihisha. Alitaka wimbo mmoja tu duniani ambao watu wakiusikia waseme huyu ndiye. Alimtungia mkewe: mwanamke ambaye kila mwisho wa wiki hulala upande mmoja wa kitanda, uso mlangoni, akisubiri mtu anayewachezesha watu wengine. Maneno yalikuwa ya kweli, yakamtoka bila shida. Mkewe alipousikia mara ya kwanza aliinama akajifanya anatafuta kitu chini ya meza.

Prodyuza wa studio aliusikiliza mara tatu. Akavua vipokea sauti, akakuna kitambi.

"Wimbo mzuri," alisema. "Lakini mbona kama kuna mtu hajafika?"

Redio ziliupiga saa za mchana, watu wakiwa makazini, kisha zikauacha. Mpiga kinanda alipata harusi za kutumbuiza. Shemeji alirudi kwenye mafriji yake akisema tatizo ni soko. Picha za nguzoni zilichanika, moja ikabaki na kidevu tu. Miaka miwili ikapita hivyo, na majirani wakaanza kumsalimia kwa ile sauti ya upole wanayotumia kwa wagonjwa.

Akarudi kwenye ile stoo. Hakuna aliyemcheka, na afadhali wangemcheka. Kengele alimkumbatia. "Ndugu yangu, umekonda." Kiongozi akasema, "Hebu tusikie huo wimbo wako."

Akaimba, bila vyombo. Ubeti wa kwanza walisikiliza kama watu wanaosikiliza jamaa yao. Ubeti wa pili, Kengele, aliyekaa juu ya boksi la spika, alifumba macho akaingia kwa juu. Hakupapasa. Kila neno lilikuwa na nafasi yake pale juu, tayari, na Pipa naye akaingia kwa chini. Gundi alisisimka mwili mzima. Hakuwahi kuimba kitu kizuri kama kile, na papo hapo akajua alichokifanya: wimbo wake mwenyewe aliutunga kutokea katikati, akamwachia mwingine sehemu ya kuonekana. Machozi yakamtoka. Wenzake wakadhani ni furaha. Kwa kiasi fulani ilikuwa furaha, na hilo ndilo lililomuumiza zaidi.

"Tunaurekodi," kiongozi alisema. "Ubeti wa kwanza Kengele aimbe peke yake. Na wewe rudi mahali pako."

Angeweza kukataa. Wimbo ulikuwa wake.

"Sawa, mzee," alisema.

Ulivuma. Ulipigwa saluni, gereji, harusini, na watangazaji wote waliuita wimbo wa Kengele. Kengele ni muungwana. Mara mbili alisema redioni kwamba mtunzi ni Gundi, na mara zote mbili mtangazaji alicheka hilo jina akapita.

Asubuhi moja baada ya kazi, Gundi aliamka akamsikia mkewe uani, anakamua mashuka na kuimba. Alikuwa anauimba wimbo wake, ule wa upande mmoja wa kitanda. Gundi alisimama mlangoni akasikiliza kila neno aliloandika likipanda kule alikolipandisha Kengele. Mkewe aligeuka, akaona uso wake, akanyamaza.

"Ngoja," alisema, "niimbe ya kwako."

Akafuta mikono kwenye kanga, akaanza. Sauti ikapanda. Akaiacha, akaanza tena chini, ikawa ya Pipa. Akajaribu tena, polepole, macho yameinama, mwanamke aliyeishi naye tangu ujana wao, anatafuta. Hakuipata.

"Ilikuwa inakwendaje, mume wangu? Nianzishie."

Gundi aliteremka ngazi, akashika upande wa pili wa shuka.

"Endelea na hiyo hiyo," alimwambia. "Ndiyo wimbo wenyewe."