Taa Nyekundu Niliyoiziba Mwenyewe

Admin, jina langu lifukie kabisa, maana Mwanza tunafahamiana. Nina miaka 31, ni mpiga picha wa filamu, naishi Pasiansi kwa dada yangu. Wazazi walifariki nikiwa darasa la tano, dada akanilea. Mume wake, shemeji yangu, ndiye mwongozaji wa filamu tunazofanya na ndiye aliyenifundisha kushika kamera. Nilikuwa namheshimu kama baba.

Wiki mbili zilizopita tulikuwa tunashuti kwenye mawe ya ziwani huku Ilemela, jua la saa saba. Tukio lilikuwa la binti, mwigizaji wetu, kulia peke yake juu ya jiwe. Sasa mimi nina ujinga wangu: taa nyekundu ya kamera, ile inayowaka ikirekodi, naiziba kwa teipu nyeusi, kwa sababu waigizaji huwa wanaikodolea macho. Kumbe wakati naiweka kamera kwenye stendi nilikigusa kitufe, ikaanza kurekodi. Basi kila kitu kikawa kinyume. Shemeji akisema "anza", nazima. Akisema "kata", nawasha. Miaka minane kazini, nafanya kosa la mwanafunzi!

Nyumbani nikafungua kadi ya kamera, hakuna hata chozi moja. Kuna mapumziko tu. Binti amekaa pale pale kwenye jiwe, kinasa sauti bado kiko ndani ya gauni, shemeji kachuchumaa mbele yake. Binti anamwambia ana mimba yake. Shemeji akasema, "Tutasema ni ya huyu wa kamera. Mke wangu atafurahi, ana hamu sana mdogo wake aoe."

Jamani, kwanza nilicheka. Halafu nikairudisha nyuma, nikasikiliza tena.

Kila asubuhi shemeji anadai lile tukio la kulia. Nikikiri kwamba nilibonyeza kinyume, yeye ni mtu wa kamera, ataelewa hapo hapo nilirekodi nini. Nimemdanganya kadi inasumbua. Kaniambia nimpe aipeleke mwenyewe kwa fundi.

Jana dada kaniita jikoni. Miaka tisa ya ndoa hajajaliwa mtoto, na hilo ndilo linaloniua. Akanishika mkono, akasema, "Mdogo wangu, shemeji yako ameniambia. Sina hasira. Huyo mtoto mniachie nimlee mimi."

Nikafungua mdomo niseme, nikamwona anavyotabasamu. Nikajibu, "Asante, dada." Mjinga mimi, kwa neno hilo nimeshakubali mimba. Ameshampigia shangazi, Jumamosi twende kwao binti kujitambulisha. Tangu jana anaimba akipika.

Kadi ninayo kwenye soksi hapa ninapoandika. Nikimwonyesha dada, namnyang'anya ndoa na mtoto kwa siku moja. Nikinyamaza, atambeba mgongoni mtoto wa mume wake akidhani ni wangu, na mimi nitaitwa baba humo humo ndani. Msinitukane, nishaurini tu. Shemeji yuko mlangoni anagonga, anataka kadi. Nifanye nini?