Chatu Wetu Alipojivua Gamba

Enzi za Mwingereza mume wangu alikuwa kuli bandarini, lakini Jumapili alikuwa mtu mkubwa Temeke, kwa sababu ya chatu. Katika ngoma yetu ya Kisukuma yeye ndiye aliyejizungushia chatu shingoni na kuzunguka naye uwanjani. Sifa zote zake. Panya wa kumlisha nilitega mimi, karai lake la maji nilisugua mimi, na kapu lake lilikaa chumbani upande wangu wa kitanda. Ila uwanjani mwanamke hakuruhusiwa kumgusa. Manju, kiongozi wetu wa ngoma, alisema ndivyo ilivyo, nami kila Jumapili nilinuna.

Ikaja wiki ya kushindana na ngoma ya watu wa kusini, wale wanaocheza wamefunga miti mirefu miguuni. Wiki hiyo hiyo chatu akafifia rangi, macho yakawa meupe kama maji ya mchele. Tulijua anataka kujivua gamba. Mume wangu haraka ikamtia wazimu. Akampaka mafuta ya nazi, akaanza kumbandua kwa kucha. Chatu asiyeona vizuri hataki mikono ya watu. Akamng'ata kiganjani, na yowe la bwana yule likawatoa wapangaji wote uani.

"Tukawaambie wale tumeshindwa," akasema, ameukumbatia mkono wake.

"Kashindwa nani? Niachie mie."

Akaniachia kweli, maana hata kulisogelea kapu hakutaka tena. Nikatandika ndani gunia lililolowa, nikaweka kipande cha mti chenye magome, nikafunika kwa kanga mbichi. Sikumlisha wala sikumshika. Wapangaji wakanicheka eti nimemweka mwali ndani. Nikawajibu kwamba mwali wangu akitoka watakosa pa kusimama. Moyoni lakini niliogopa: gamba likikatika na kubaki machoni, chatu atakuwa kipofu, na ngoma yetu imekwisha.

Jumapili asubuhi nikasikia mchakacho. Alikuwa anasugua pua kwenye magome. Gamba likaachia mdomoni, likarudi nyuma likijipindua kama soksi, naye akatoka taratibu, anang'aa. Nililiinua gamba lile dirishani nikalikagua. Vigamba vya macho yote mawili vilikuwemo, vizima; hakuna kilichobaki kumpofusha. Nikapiga kigelegele peke yangu bila haya.

Uwanjani watu wa miti mirefu walikuwa wameshajaza watu upande wao. Manju akamwambia mume wangu amtoe chatu. Mume wangu akalitazama kapu, asisogee.

"Shikamoo, manju," nikasema. "Namtoa mie."

Akanitazama, kisha akautazama umati unaotukimbia. "Marahaba. Mtoe, mwanangu."

Nikamweka mabegani, mzito, wa baridi, mpya kabisa, nikaingia katikati. Mpangaji mwenzangu mmoja, katika wale wale walionicheka, akapaza sauti: "Jamani, mwali katoka!" Watu wakamiminika kwetu. Nilifurahi nikahisi kifua kitapasuka. Mwishowe hata wapiga ngoma wa upande wa pili walikuja kutazama, ngoma zao kwapani, na huko kwao hakukuwa na aliyebaki wa kupiga.

Manju hakunitajia tena habari za mwanamke. Jioni tulirudi nyumbani mimi mbele, chatu shingoni, na mume wangu nyuma yangu, kabeba kapu.