Wageni wa Papa Aloys

Katika safari zangu nimekutana na watu watano waliodai kuzungumza na viumbe kutoka sayari nyingine. Wanne waliombwa ushahidi. Papa Aloys wa Nyantende, nje kidogo ya Bukavu, ndiye pekee aliyeulizwa aliwapa nini wageni wake.

Kwa miaka thelathini Aloys alikaa mlangoni mwa ofisi moja mjini, mtu wa tai na daftari la wageni, asiyempitisha yeyote bila karatasi ya randevu, yaani miadi. Alipostaafu alirudi kwenye migomba ya baba yake, akachaguliwa kuongoza shirika, jumuiya ndogo ya Wakatoliki wa mtaa wake. Cheo hicho alikipenda kuliko tai zake zote. Uchaguzi mpya ulipokaribia, aliwasimulia wenzake alichokiona Alhamisi, saa tisa mchana: viumbe watatu wafupi, rangi ya kokwa la parachichi, wameshuka migombani kwa chombo kisicho na mlio.

"Bakasema nini?" aliuliza Maman Constance, mwalimu, ambaye naye alikitamani kiti hicho.

"Bakasalimia. Nikabauliza kama beko na randevu."

"Na ukabapatia nini?"

"Kitu gani?"

"Ya kunywa, papa. Batu batoke kule juu, bapite nyota yote ile, bafike kwako, barudi na kiu?"

"Balikuwa na haraka. Balisema batarudi."

"Mugeni yote anasemaka vile. Weye unamukalisha."

Hakuna aliyebisha kwamba viumbe walikuja. Lakini mtu anayemwacha mgeni aondoke koo kavu ataongoza nini? Kesho yake sokoni walikwisha kumwita Randevu. Jirani yake Venant alimwambia wazi: "Ulikuwa na kura yangu. Sasa bibi yangu ananiuliza kama niko muzima." Aliyeona aibu zaidi ni Madeleine, mkewe. Siku ile kibuyu cha kasiksi, pombe yao ya ndizi, kilikuwa nyuma ya mlango, kimejaa.

Aloys aliomba apewe Alhamisi nyingine moja tu. Shirika zima likaja kukaa migombani. Madeleine akaleta vibuyu vitatu na sahani ya sambaza za kukaanga, dagaa wa ziwani. Aloys hakuvaa tai. Saa tisa ikapita, ikaja saa kumi, na juu kulikuwa na mawingu tu.

"Bageni bako wapi?" aliuliza Constance.

"Balisema batajaribu."

Kasiksi iliyotolewa kwa ajili ya wageni hairudishwi ndani. Aloys akaonja kwanza, kama inavyompasa mwenyeji, kisha akapita kwa kila mtu na kibuyu, akimwulizia wagonjwa wa nyumbani kwake kwa majina. Aliyesema imemtosha alikalishwa tena.

Kura zikapigwa palepale, kwa kuinua mikono. Jina la Aloys lilipotajwa, mikono ikapanda; Constance alikuwa ameshika kikombe. Akakihamishia kushoto, akainua mkono wa kulia.

Kabla ya kuondoka alijaza kikombe kingine, akakiacha juu ya jiwe.

"Bakipita," alimwambia Aloys. "Na usibaulize karatasi."