Mwendo wa Kondo

Usiku ule nilipanda kitandani na soksi zangu, vumbi jekundu la Kambodia likiwa bado masikioni, na kabla sijamaliza kujiambia kwamba mtu wa umri wangu hana budi kunawa miguu kwanza, Kondo alikuwa ameshafungua mlango wa gari.

Sharti nieleze Kondo ni nani, maana ndoto yenyewe haikujisumbua kueleza. Alikuwa rafiki yangu na mtani wangu. Yeye Mzaramo wa Kisarawe, mimi Mnyamwezi wa Tabora. Kwa hiyo tangu tulipokutana chuoni, yeye akisomesha jiografia na mimi fasihi, alikuwa na haki ya kunitukana mbele ya wakuu wangu, nami nilikuwa na haki ya kuchukua nyama kwenye sahani yake. Haki hizo tulizitumia karibu kila siku. Alifariki mwanzoni mwa masika, baada ya kulala kitandani muda mrefu.

Siku chache kabla sijasafiri, mama yake, Bi Tatu, alinipigia simu. Bi Tatu haombi kitu, hutoa taarifa.

“Maganga, wewe ndiye mtani wetu. Siku ya arobaini utamvaa mwanangu, uingie uani kama anavyoingia yeye. Nataka nimpate mara moja tu, halafu basi.”

Ndiyo kazi ya mtani msibani, kwa desturi ya wazee wetu. Wengine wakilia, yeye huvaa nguo za marehemu, akamwiga anavyotembea na anavyokohoa, mpaka wanaolia wacheke. Nikasema, “Sawa, mama,” kwa sauti ya mtu anayejua kazi yake. Kisha nikasimama mbele ya kioo cha kabati, na hapo nikagundua kwamba sikumbuki Kondo alivyokuwa akitembea.

Nilimkumbuka amelala tu. Nilikumbuka mto, mkono uliokonda, kikombe cha uji kilichopoa. Miezi ile ya ugonjwa ilikuwa imekuja ikakalia miaka yote iliyotangulia, haitaki kusogea. Nikajaribu mabega, nikajaribu mikono. Mke wangu alichungulia mlangoni, akaniuliza kama mgongo umeanza tena. Basi nikafanya anachofanya msomi akishindwa jambo: nikaandika hotuba.

Kambodia niliitwa kwenye mkutano wa walimu wa fasihi. Ulipokwisha, wenzangu walikwenda kwenye yale mahekalu makubwa ambako watu hupanga foleni kulipiga picha jua. Mimi nilimkodi dereva mmoja, Sokha, anipeleke peke yangu kutwa nzima kwenye magofu ya Banteay Chhmar, mbali huko kaskazini-magharibi, ambako wageni ni wachache. Wenzangu niliwaambia kwamba napenda utulivu wa mambo ya kale. Ukweli ni kwamba nilikuwa natafuta mahali pa kufanyia mazoezi ya kutembea bila kuonekana. Nikafanya mazoezi mchana kutwa kati ya mawe, nikizunguka kama bata mzinga aliyepotelewa na wenzake, nisipate hata hatua moja ya Kondo. Mwishowe Sokha, aliyekuwa akinitazama kutoka kivulini, alikuja taratibu akanipa maji na dawa ya tumbo.

Nikarudi hotelini, nikalala na soksi.

Basi Kondo akafungua mlango wa gari, akaketi kiti cha nyuma pamoja nami kama aliyekuwa ameshuka kidogo kununua gazeti. Mashavu yake yalikuwa yamerudi. Shati lake la kitenge lilimbana tumboni, na kifungo kilichokuwa kikikosekana siku zote kilikosekana.

“Mpagazi wangu,” akasema, “umefuata mzigo gani mpaka huku?”

Sikushangaa kumwona. Nilishangaa tu kwamba Sokha, anayetutazama kwenye kioo, anacheka, ilhali tunasema Kiswahili. Gari linakwenda. Mashamba ya mpunga yanapita, halafu minazi ya Kisarawe, halafu mashamba ya mpunga tena, na hakuna anayeona ajabu. Tunasimama kando ya barabara kwa mwanamke mwenye rundo la mianzi iliyookwa motoni. Ndani ya kila mwanzi mna wali wa kunata, maharage na tui. Kondo anaumenya kama anamenya muwa, anatia wali kinywani, anafumba macho.

“Nazi!” anasema. “Maganga, hawa ni ndugu zangu. Mtu anayetia nazi kwenye wali si mgeni. Nyie kwenu mnatia nini? Karanga.”

“Karanga hizohizo ulizokuwa unakuja kuzila kwangu kila Jumapili.”

“Nilikuwa nakuhurumia.”

Namnyang'anya mwanzi, anaung'ang'ania, tunavutana kama watoto. Yule mwanamke anatupigia makofi. Nakumbuka wazi kwamba nilikuwa na furaha, furaha nyepesi ya mtu aliyekwisha kushiba, na kwamba wazo la kuwa huyu amekufa lilipita kwa mbali kama baiskeli ya mtu mwingine.

Sikumbuki kushuka garini. Tuko ndani ya magofu. Mawe makubwa yamelaliana ovyo kama magunia yaliyotupwa chini na wapagazi waliochoka, na juu yake mizizi ya miti imeshuka, imekumbatia milango. Juu ya mnara uliobaki kuna uso wa jiwe, midomo minene, unatabasamu macho chini.

“Unamwona yule?” Kondo ananiuliza. “Nyumba imemwangukia, bado anacheka. Angekuwa Mnyamwezi angekuwa ameshaandika makala.”

Nataka kumjibu lakini shingo inaniuma. Hapo ndipo ninapogundua kwamba nina mzigo kichwani, mkubwa, umefungwa kwa kamba za katani.

“Umebeba nini humo?”

“Hotuba yako.”

“Yangu? Nimeiandika lini?”

“Hotuba juu yako. Ya arobaini.”

Anauteremsha mzigo, anaufungua, karatasi zinamwagika mpaka magotini mwake. Anachukua moja, anaisogeza mbali na macho, maana hata huko alikotoka hawakumpa miwani.

“‘Marehemu alikuwa mtu wa watu.’” Ananitazama. “Nani huyu?”

“Wewe.”

“Mimi? Mimi niliyekuwa nikisikia hodi natoroka kwa mlango wa uani?” Anachukua nyingine. “‘Daima aliyakabili maisha kwa unyenyekevu.’ Lo! Maskini. Huyu mtu ningependa kukutana naye, lakini nisingemkopesha hata jembe.”

Anacheka mpaka anakaa chini juu ya jiwe, nami nacheka, na nikicheka machozi yananitoka, kwa sababu sasa nitalazimika kusema.

“Kondo, nimesahau unavyotembea.”

Kicheko chake kinakwisha polepole. Anazikusanya karatasi, anazipanga vizuri kama mtu anayepanga nguo zilizopigwa pasi, anazirudisha mikononi mwangu.

“Usinipambe, Maganga,” anasema. “Mama ananitafuta mimi.”

Kisha anasimama. “Njoo. Kaa nyuma yangu.”

Kuna ukuta mrefu pale, ambao mchana niliupita mbiombio. Umechongwa askari kutoka mwanzo hadi mwisho, wanakwenda vitani, wengine kwa miguu, wengine juu ya ndovu. Kondo anatembea kandokando yake. Na mimi naona. Bega la kushoto linatangulia, kama anayejipenyeza mlango uliofunguliwa nusu. Mikono iko nyuma, kidole gumba kimoja kimeshikwa na mkono wa pili, mkaguzi wa shule asiye na shule. Kichwa kimeinamia upande. Nilikuwa nimeufuata mwendo huu kwenye korido za chuo miaka mingi, nikienda kunywa chai, na sikuwahi kujua kwamba ninautazama.

“Bega!” anasema bila kugeuka. “Unatembea kama bwana harusi. Bega la kushoto.”

Naweka bega.

“Tumbo liachie. Unamwogopa nani huku?”

Naachia tumbo. Askari wa jiwe wanatutazama. Kondo anamgusa mmoja kwa kidole. “Mwone huyu, ana kitambi. Fundi angeweza kumpunguzia, hakumpunguzia. Na huyu hapa amegeuka nyuma, nadhani amekumbuka kwamba hakufunga mlango.” Anasema hivyo na wao wanaanza kutembea, kila mmoja kwa mwendo wake, huyu anapepesuka, yule anaburuza mguu, na ndovu mmoja ananikanyagia karatasi zangu zote bila hata kuniangalia. Siziokoti.

Tunakwenda. Ukuta ni korido ya chuo, ni njia ya mihogo kule Kisarawe, ni ukuta tena. Mvua ya jua inanyesha. Sasa tuko nyuma ya nyumba ya Bi Tatu na naye yuko uani, ameketi kwenye mkeka, uso ameuelekeza kwetu. Mimi namtangulia Kondo, sijui tumebadilishana saa ngapi, na nampitia mama mbele kwa bega la kushoto na mikono nyuma, vizuri kabisa, nikijisifu moyoni. Bi Tatu hatikisiki. Napita tena. Anaendelea kuelekeza uso pale nilipokuwa mwanzo.

“Unamwonyesha nini?” Kondo ananinong'oneza sikioni. “Mama haoni.”

Na ni kweli. Ni jambo ninalolijua, mimi mwenyewe ndiye niliyempeleka akapimwe yale macho yenye ukungu. Lakini nilikuwa nimeshughulika na kioo cha kabati.

“Sikiliza,” Kondo anasema.

Anaanza kutembea uani. Namtazama miguu. Amevaa viatu vyake vyeusi vya ngozi, na kama kawaida yake amekanyaga visigino vyake mpaka vimelala chapati, kwa sababu hakuna siku katika maisha yake aliyokubali kuinama kufunga kamba. Shwaa-pa. Shwaa-pa. Shwaa-pa. Kisha kiatu kimoja kinataka kumponyoka, anaruka hatua ndogo kukikamata: pa-pa. Kisha tena, shwaa-pa, shwaa-pa. Hiyo ndiyo sauti iliyokuwa ikija koridoni kila siku saa nne, nami nafunga kitabu kabla hajagonga mlango.

Bi Tatu anainua kichwa.

Kondo anaendelea kutembea, anaukaribia mkeka, lakini haufiki. Ananigeukia, na usoni hana huzuni hata chembe, ana uso wa mtu anayechelewa mahali pazuri.

“Mwambie nimefika,” anasema. “Mimi nikisema hanisikii.”

Shwaa-pa, shwaa-pa, pa-pa. Anakata kona ya nyumba, kona ya ukuta. Ninamfuata mbio, na nikifika kwenye kona hakuna mtu, kuna miti na ule uso wa jiwe. Lakini sauti haijakoma, iko karibu sana, iko chini yangu.

Nikaamka. Miguu yangu ilikuwa ikitembea kitandani. Shuka lilikuwa sakafuni, na soksi moja haijaonekana hadi leo.

Nje kulikuwa kumekucha, wauza mboga wanapita kwa pikipiki. Kwetu watu walikuwa bado wamelala. Nikanywa chai, nikanywa nyingine, nikisubiri mpaka huko Kisarawe wawe wamemaliza swala ya alfajiri. Kisha nikachukua viatu vyangu vya mkutano, vipya, ambavyo mke wangu alinichagulia kwa uangalifu mkubwa, nikavikanyaga visigino. Nakiri iliniuma. Nikapiga simu kwa Zena, mjane wa Kondo.

“Shemeji, umeamka salama? Huko ni saa ngapi?”

“Salama. Shemeji, yuko wapi mama?”

“Yuko hapa uani, anachambua mchele kwa vidole. Kuna nini?”

“Mwekee simu sikioni. Usimwambie kitu.”

Nikasikia kanga zikisuguana, kuku, kikohozi. Nikaiweka simu yangu sakafuni, juu ya vigae, katikati ya chumba. Nikarudi hadi mlangoni. Nikatanguliza bega la kushoto, ingawa hakuna ambaye angeliona, nikaachia tumbo, nikatembea.

Shwaa-pa. Shwaa-pa. Shwaa-pa. Pa-pa.

Nilizunguka simu ile mara moja, nikazunguka tena. Kiatu cha kulia kilitaka kuniponyoka chenyewe, bila kuigiza, nikakirukia. Kisha nikasimama, nikainama, nikaiokota. Nikasikia kuku tu. Niliwaza: nimemuua mama wa watu kwa simu.

“Mama,” nikasema, “amefika.”

Kwanza nikamsikia Zena kwa mbali, hajulikani kama analia au anacheka. Halafu Bi Tatu akashusha pumzi ndefu, na sauti yake ilipokuja ilikuwa ya siku zote, kavu, ya mama aliyemwona mwanawe akiingia na tope.

“Vua hapohapo mlangoni, Kondo. Mkeo kapiga deki.”

Nikavua.